Kutapika kwa mvuta bangi kumepata namba yake

Tangu tarehe 1 Oktoba 2025, daktari wa Marekani akimpokea mtu aliyevuta bangi miaka mingi na sasa anatapika bila kukoma, anayo namba ya kuandika kwenye faili: R11.16, ya toleo la Marekani la ICD-10, orodha ya misimbo ya magonjwa. Kabla ya hapo hali hiyo haikuwa na namba yake yenyewe. Mimi nafanya kazi ya kumbukumbu za afya, na kwangu hii ni habari kubwa, ingawa huku kwetu sijasikia ikizungumzwa.

Ugonjwa wenyewe si wa jana. Mwaka 2004 madaktari wa Adelaide, Australia Kusini, waliandika kuhusu wagonjwa wao waliokuwa wamevuta kwa muda mrefu. Walikuwa wakitapika kwa vipindi, siku kadhaa mfululizo, kisha wanapata nafuu, halafu inarudi. Karibu wote walikuwa na tabia moja ya ajabu: kuoga maji ya moto mara nyingi kwa siku, maana ndiyo pekee yaliyowatuliza. Walioacha bangi walipona. Walioirudia, kutapika kuliwarudia.

Kinachowachanganya watu ni kwamba bangi inasifika kwa kutuliza kichefuchefu. Zipo nchi ambako wagonjwa wa saratani huandikiwa dawa zenye kiini chake ili wavumilie tiba ya kemo. Basi kijana akianza kujisikia vibaya asubuhi, anavuta zaidi akiamini anajitibu. Dawa za kawaida za kuzuia kutapika, kama ondansetroni, mara nyingi hazimfai. Haloperidoli, na hata krimu ya kapsaisini, ile inayotokana na pilipili, ikipakwa tumboni, zimewasaidia baadhi yao. Tiba ya kudumu ni kuacha. Asipoacha, maji yanaisha mwilini, potasiamu inashuka, figo zinaumia, na vifo vimesharipotiwa.

Sasa jiulize hali kama hii ilikuwa inaandikwaje miaka yote hiyo. Mwandishi wa misimbo Marekani, yaani anayegeuza maelezo ya daktari kuwa namba, alikuwa na njia kadhaa, na zote zilikuwa mbovu. Angeweza kuandika kutapika tu, au R11.15, kutapika kwa vipindi, na bangi isionekane popote. Au aende F12, namba za bangi, kwenye sura ya matatizo ya akili na tabia, achague F12.188, ambayo ni matumizi mabaya, au F12.288, ambayo ni utegemezi, na kutapika kuingizwe chini ya “tatizo lingine lililosababishwa na bangi”. Hilo “lingine” ni kapu. Ukishatia kitu humo, huwezi tena kukihesabu peke yake. Na angalia alicholazimika kufanya mwandishi huyo: ili aeleze tumbo la mtu, ilibidi kwanza amhukumu tabia.

Njia nyingine ilikuwa kundi la T40, la sumu na madhara ya dawa za kulevya, na hapa ndipo utaona misimbo inavyoshindwa na madhara ya muda mrefu. Wamarekani wanatenganisha mambo mawili. Lipo dhara la dawa iliyotolewa na kutumiwa inavyotakiwa, na ipo sumu, yaani kitu kilichotumiwa isivyo. Mgawanyo huo unafaa kwa mtu aliyemeza vidonge vingi usiku mmoja. Aliyevuta kila siku kwa miaka kumi utamweka wapi? Hakuandikiwa na daktari, kwa hiyo si dhara la tiba. Wala hakuzidisha siku moja akaanguka, kwa hiyo neno sumu nalo linampotosha atakayesoma faili.

Ndiyo maana nimefurahi kwamba namba mpya imewekwa sura ya R, ya dalili, pamoja na kutapika kwingine. Wapo watakaosema hiyo ni kuficha dawa za kulevya. Sikubaliani nao. F12 bado ipo na huandikwa kando pale inapohitajika. Kilichobadilika ni kwamba daktari anaweza kutaja ugonjwa wa mwili kwa jina lake bila kumpachika mgonjwa lebo ambayo hajaichunguza.

Huku Tanzania jambo hili linatugusa kuliko tunavyodhani. Bangi ni kosa chini ya Sheria ya Kudhibiti na Kupambana na Dawa za Kulevya ya mwaka 2015, na mgonjwa analijua hilo kabla hajaingia mlangoni. Ukimuuliza mbele ya mama yake aliyemleta, atakana, na mimi simlaumu. Atatoka na karatasi ya vidonda vya tumbo, au taifodi, na dawa atakazonunua bure. Mwisho wa mwezi takwimu za MTUHA, mfumo wa taarifa za huduma za afya, zitakwenda wizarani zikiwa na vidonda vya tumbo, na hakuna atakayejua.

Tena jamii yetu inatambua dhara moja tu la bangi, ukichaa. Mvutaji mwenye akili timamu anayetapika hashukiwi kabisa. Upande wa pili, kijana yeyote akianza kuongea peke yake, mtaa mzima umeshamaliza: bangi hiyo. Na faili nalo linafuata mtaa, linaandikwa F12.5, kuchanganyikiwa kunakotokana na bangi. Hili linaniuma zaidi kuliko lile la kutapika. Mwongozo wa ICD-10 uko wazi kwamba kuchanganyikiwa kunakotokana na kilevi kwa kawaida huanza kupungua ndani ya mwezi 1 na kuisha ndani ya miezi 6. Ipo hata F12.7 kwa hali zinazobaki au kujitokeza baadaye. Kijana aliyepitisha mwaka mzima akisikia sauti, na hajagusa msokoto, anastahili kuchunguzwa upya, huenda ni skizofrenia, F20, na inatibika kwa njia yake. Lakini namba ya kwanza ikishaingia, kila anayefungua faili anainakili. Ndugu nao wanaacha kumpeleka kliniki kwa sababu wameambiwa amejitakia.

R11.16 ni ya toleo la Marekani, hatuwezi kuichukua hivi hivi. Katika ICD-10 ya Shirika la Afya Duniani tunayo R11, kichefuchefu na kutapika, na tunayo F12.1, matumizi yaliyoleta madhara ya kiafya, na kutapika mpaka figo ziathirike ni madhara ya kiafya bila ubishi. Naomba madaktari wetu watangulize R11, waweke F12.1 kando pale mgonjwa mwenyewe amekiri na amehakikishiwa siri, kisha waandike kwa maneno kamili kwenye maelezo: kutapika kunakotokana na kuvuta bangi kwa muda mrefu. Maneno hayo ndiyo yatakayomwezesha mtu wa kumbukumbu kurudi nyuma na kuwahesabu.

Na kabla ya kuandika, mtoe ndugu nje kidogo, funga mlango, umuulize: mdogo wangu, ukitapika hivi, maji ya moto yanakupa nafuu? Swali hilo halimtishi mtu. Akijibu ndiyo, la pili litakuwa rahisi kuuliza.