Mkorosho Hauhamishwi kwa Lori

Mkorosho ukipandwa leo huanza kuzaa baada ya miaka mitatu au minne, nao ukitunzwa huendelea kuzaa mpaka wajukuu wa aliyeupanda waokote korosho chini yake. Naanza na mti huu kwa sababu mijadala yetu kuhusu siasa ya Ujamaa hushughulika mno na nia za viongozi, ilhali mimi, niliyetoka katika familia ya wakulima wa uwanda wa Makonde, nimeamini kwa muda mrefu kwamba kosa kubwa la kiuchumi la kipindi kile linaonekana waziwazi chini ya mikorosho.

Katika msimu wa 1973/74 Tanzania ilivuna takriban tani 145,000 za korosho, nyingi zikitoka mikoa ya kusini. Novemba 1973 Mwalimu Nyerere alitangaza kwamba kuishi vijijini sasa ni amri, na kwamba kazi hiyo iwe imekamilika kufikia mwisho wa 1976. Bibi yangu mzaa mama alihamishiwa katika kijiji kipya kando ya barabara, mwendo wa zaidi ya saa mbili kwa miguu kutoka kwenye shamba lake. Alikuwa akitusimulia kwamba lori la Operesheni Vijiji, kampeni ya serikali ya kuwahamishia watu vijijini, lilibeba vyungu, mikeka na kuku, na mikorosho ikabaki ilikokuwa. Asiyelijua zao hili anaweza kudhani kwamba mti uliokwisha kukua hauhitaji mtu, lakini korosho huokotwa chini baada ya kudondoka, kwa hiyo shamba lisipopaliliwa hazionekani katika majani, na kiangazi moto wa msituni hupita hapo ukaunguza na miti yenyewe.

Yaliyofuata yaliongeza uzito juu ya mzigo huo. Mwaka 1976 vyama vya ushirika vilivunjwa, biashara ya zao ikawa ya Mamlaka ya Korosho, na sehemu ya bei ya nje iliyomfikia mkulima ikapungua mwaka hadi mwaka. Wakati huohuo vilijengwa viwanda vikubwa vya kubangua korosho kwa mkopo wa Benki ya Dunia, na vingi havikupata korosho za kutosha kuviendesha. Kufikia msimu wa 1986/87 mavuno ya nchi nzima hayakufika tani 20,000. Wapo wanaoutaja ugonjwa wa ubwiriunga, ukungu unaoshambulia mikorosho, na kweli uliathiri sana, ila ulitambuliwa mwishoni mwa miaka ya 1970, mavuno yakiwa yamekwisha kushuka. Kupanda kwa bei ya mafuta na vita vya Kagera viliiumiza nchi, nami sivipuuzi. Hata hivyo, si vita wala mafuta yaliyoyaotesha majani katika shamba la bibi mwaka 1975.

Hata hivyo, siwezi kuungana na wanaotumia hasara hii kuilaani Ujamaa yote, kwa sababu katika kijiji kilekile bibi alijifunza kusoma. Serikali ilikuwa imeufanya mwaka 1970 kuwa Mwaka wa Elimu ya Watu Wazima, na mwaka 1973 ikaendesha kampeni ya Mtu ni Afya, ambamo watu wapatao milioni mbili walikusanyika kuzunguka redio, wakasikiliza somo, wakajadiliana, kisha wakaenda kuchimba vyoo. Sensa ya 1967 ilikuta karibu theluthi mbili ya watu wazima hawajui kusoma. Kwa takwimu rasmi za 1986 walikuwa wamebaki kama 10 katika kila 100. Bibi alihudhuria kisomo kwa sababu iliyomhusu mwenyewe: alitaka kuisoma mizani na risiti ya karani, baada ya miaka mingi ya kutia dole gumba kwenye karatasi asiyojua imeandikwa nini.

Rafiki zangu hunijibu kwamba darasa lile lisingekuwepo bila kijiji, kwa kuwa mwalimu mmoja hawezi kuzifuata kaya zilizotawanyika porini. Hoja hiyo ni nzito, hasa kwetu ambako maji yalichotwa mabondeni na kijiji kilitarajiwa kuleta bomba. Lakini haja ya kukaa pamoja haikulazimu watu wapakiwe kwenye malori. Andiko la sera la Septemba 1967 lilisema wazi kwamba vijiji vya ujamaa vijengwe kwa hiari. Tena mfano ulikuwepo Ruvuma, ambako wakulima wa Litowa na vijiji vingine walikuwa wamejikusanya wenyewe tangu mwanzoni mwa miaka ya 1960, wakalima pamoja na kuendesha shule yao. Septemba 1969 TANU iliuvunja umoja wao. Kwangu mimi, uamuzi huo ndio ulioiharibia Ujamaa njia, miaka minne kabla ya amri ya Nyerere, kwa sababu chama kilikataa ujamaa ambao hakikuuongoza chenyewe.

Katika miaka ya 1980, amri ilipolegea, bibi alirudi shambani kwake akaanza kufyeka. Watafiti wa kituo cha serikali cha Naliendele, karibu na mji wa Mtwara, walifanya kazi kubwa ya kuonyesha namna ya kupulizia salfa ili kuukinga mkorosho na ubwiriunga, na safari hii serikali iliufuata mti mahali uliposimama. Mfuko wa kwanza wa salfa ulipofika nyumbani kwetu, bibi aliyasoma maelekezo kwa sauti, polepole, kidole kikifuata mstari, na majirani wawili waliokuwa hawakumaliza kisomo walimwomba arudie kipimo.