Msiifananishe Vulcan na Nibiru

Zile sauti zimeanza tena kuzunguka kwenye magrupu ya WhatsApp: Nibiru, sayari inayodaiwa kuja kuigonga Dunia, inakuja, serikali zinaficha, tubuni. Hizo tumezizoea. Kinachouma ni majibu ya waliosoma, wanaodhani wanamaliza ubishi kwa kusema kwamba hata wanasayansi waliwahi kututungia sayari ya uongo, Vulcan. Hapana. Vulcan haikuwepo, ni kweli, lakini hakuna aliyeitunga. Ilitafutwa kwa sababu kulikuwa na hesabu isiyofunga.

Mwaka 1846, mwanafalaki Mfaransa Urbain Le Verrier alikaa Paris na karatasi zake, akakokotoa mahali palipostahili kuwa na sayari inayoivuta Uranus, akamwandikia mwanafalaki mwenzake Johann Galle kule Berlin. Usiku wa tarehe 23 Septemba, Neptuni ikaonekana pungufu ya digrii 1 kutoka pale alipotaja. Mwaka 1859 akatumia akili ileile kwa Utaridi (kwa waliofundishwa Zebaki shuleni, ni sayari hiyohiyo). Njia ya Utaridi imebonyea kidogo kama yai, na ile ncha yake iliyo karibu na Jua haitulii, husogea polepole. Kwa kila miaka 100, mvuto wa Zuhura huisogeza kiasi cha sekunde za tao (kipimo kidogo sana cha pembe) 277, Mshtarii 153, Dunia 90, na sayari nyingine huongeza kidogo. Ukishajumlisha vyote, bado kuna ziada. Le Verrier aliipata kuwa 38. Mwaka 1882 mwanafalaki wa Marekani, Simon Newcomb, akaisahihisha kuwa 43.

Sekunde ya tao 1 ni digrii moja iliyogawanywa mara 3,600. Ziada yote hiyo, kwa karne nzima, haifiki hata digrii 1 ikigawanywa mara 80. Mtu aliyekataa kulifumbia macho jambo dogo kiasi hicho anastahili heshima, hata kama jibu lake la kwanza, kwamba ndani ya njia ya Utaridi kuna sayari nyingine, lilikuwa na kosa.

Sayari iliyo karibu hivyo na Jua hutafutwa kwa namna mbili. Ya kwanza ni kuingojea ipite mbele ya Jua kama kitone cheusi. Hapa madoa ya Jua ndiyo yanayowapoteza watu. Doa hukaa kwenye uso wa Jua na kuzunguka nalo, hivyo huchukua kama wiki mbili kuvuka upande tunaouona. Sayari huvuka kwa saa chache, tena huwa duara kamili, bila ule ukungu wa kijivu unaolizunguka doa. Daktari wa kijijini Ufaransa, Edmond Lescarbault, alisema aliona kitone cha namna hiyo tarehe 26 Machi 1859, kikavuka kwa saa 1 na dakika 17. Saa yake haikuwa na mshale wa sekunde, akajitengenezea timazi ya kupimia muda kwa uzi na kijipira cha pembe. Hesabu zake aliziandika kwenye ubao. Le Verrier akamfuata nyumbani kwake, akamhoji, akaridhika, na kutokana na vipimo hivyo akaipa sayari mzunguko wa siku 19 na saa 17, umbali wa kilomita milioni 21 kutoka kwenye Jua. Ikapewa jina la mungu wa Kirumi wa moto na wahunzi.

Nakubali, kwa shingo upande, kwamba hapo aliharakisha. Kwa hesabu zake mwenyewe, uzito wa kitone kile ulitoka 1/17 ya Utaridi, mwepesi mno kuleta ziada ile. Na mwanafalaki Emmanuel Liais, aliyekuwa Brazili akilitazama Jua wakati uleule, alisema hakuona kitu.

Namna ya pili ni kungoja Jua lipatwe kikamilifu. Kupatwa kwa kipete, ambako Mwezi haulifuniki Jua lote, hakufai: Rujewa, Mbeya, tarehe 1 Septemba 2016, pete ya mwanga iliyobaki ilitosha kufuta chochote kilicho dhaifu kando ya Jua. Tarehe 29 Julai 1878, Marekani, giza lilidumu kama dakika 3. Mwanafalaki James Craig Watson alibandika duara za kadi kwenye mhimili wa darubini yake ili achore alama kwa penseli badala ya kupoteza muda kusoma namba. Akatangaza kaona miili miwili. Wakosoaji wakaonyesha kwamba alama zake ziko karibu mno na nyota za kundi la Kaa. Baadaye zikaja picha za Lick Observatory, kituo cha kutazama nyota cha California, katika kupatwa kwa 1901, 1905 na 1908, nazo hazikuonyesha sayari.

Sasa linganisheni. Vulcan ilikuwa na umbali, mzunguko, uzito, hata tarehe ya kwenda kuingojea: 22 Machi 1877 watu walilitazama Jua, haikupita. Nibiru ilikuwa ifike 2003, ikasogezwa hadi 2012, na kila ikikosekana hupewa tarehe nyingine bila mtu kusema ilikosewa wapi. Hata Rahu wa Wahindi, yule mmezaji wa Jua, aliishia kuwa kipimo: mahali njia ya Mwezi inapokata njia ya Jua, panaporudi palipokuwa kila baada ya miaka 18.6. Sisi nasi tunasema Jua "limepatwa", kana kwamba kuna aliyelishika, na bado wanafalaki wetu hutaja dakika ya kuanza na ya kuisha.

Ziada ile ilifungwa Novemba 1915 na Albert Einstein, kwa nadharia yake mpya ya mvuto, bila kuongeza sayari yoyote. Chukueni kikokotoo cha simu. Uzito wa Jua, ukigeuzwa kuwa urefu katika nadharia yake, ni kilomita 1.477. Zidisha kwa 18.85 (pai mara 6), upate 27.84. Gawanya kwa kilomita milioni 55.46, ambazo ni nusu ya kipenyo kirefu cha njia ya Utaridi ikishapunguzwa kwa ajili ya kubonyea kwake. Zidisha kwa 206,265 ili iwe sekunde za tao: utapata kama 0.1035 kwa mzunguko mmoja. Utaridi huzunguka mara 415 kwa karne. Zidisha, inatoka 43.