Lori Langu Limezuiwa Ulaya, Nami Niko Busia

Kuna ujumbe mmoja kwenye kompyuta yangu ambao nikimpata aliyeuandika, nitamnunulia soda kwanza, akishaimaliza ndipo tuanze kuzungumza. Unasema: imeshindikana kuunganisha, tafadhali angalia intaneti yako. Basi. Hakuna mbele, hakuna nyuma. Chini yake kuna kitufe cha "Sawa". Sawa nini? Nani kakwambia ni sawa?

Intaneti nimeiangalia mpaka macho yanatoa maji. Ipo. Mama Shamim amejilaza chumbani anatazama harusi za watu wa Mombasa kwenye simu, video inateleza bila kukwama, hotspoti ni hiyo hiyo moja, bando ni lile lile nililonunua mimi kwa jasho langu. Yeye anaona bibi harusi akipakwa hina. Mimi naona kiduara kinazunguka.

Nijieleze kidogo. Mimi ni wakala wa forodha hapa Busia, upande wa Uganda. Kutwa nashinda na malori: ya mahindi, ya saruji, ya mitumba, na mengine ambayo hata dereva hana hakika amebeba nini. Jioni ikifika, mtu mwenye akili timamu angecheza gemu la mpira. Mimi nacheza gemu la kuendesha lori Ulaya. Mama Shamim ameshindwa kunielewa, na simlaumu, lakini yeye hajawahi kuonja raha ya kutoka Ujerumani kuingia Poland bila kiumbe yeyote kukuuliza karatasi. Unapita tu! Hakuna muhuri, hakuna "rudi kesho", hakuna "leo mtandao unasumbua". Sisi tangu 2018 tuna kituo cha pamoja cha mpaka, gari linakaguliwa mara moja badala ya mbili, na ninashukuru kwa hilo. Ila kwenye Poland ya gemu hata hiyo moja haipo. Banange, mara ya kwanza nilipovuka pale nilipunguza mwendo mwenyewe, nikasimama, nikasubiri mtu aje anisumbue. Hakuja.

Sasa gemu hilo ndilo lililoamua kunitesa.

Mwanzo lilikataa hata kuamka. Nabofya mara mbili, skrini inakuwa nyeusi, kisha kinatokea kijisanduku: faili VCRUNTIME140.dll halipo. Jamani, mimi sikujua lilipokuwepo, nitajuaje lilikokwenda? Nikamwita kijana wa jirani anayetengeneza simu. Huyu kijana ana moyo mzuri na fleshi mbaya. Akaichomeka, akatoa humo faili lenye jina lile lile, akalibandika ndani ya folda ya gemu, akajifuta mikono.

"Tayari, mzee."

Nikabofya. Safari hii halikulalamika kuhusu faili. Likatoa namba: 0xc000007b. Namba tu! Hata hospitali wakikupa karatasi isiyosomeka, angalau ni mwandiko wa binadamu. Nilikuja kujua baadaye maana yake: gemu ni la biti 64, faili la fleshi lilikuwa la biti 32, na hao wawili hawakai nyumba moja. Kijana akapendekeza tupakue jingine kwenye tovuti fulani. Akaifungua. Ilikuwa na vitufe vya kijani vya "Pakua" kila kona, na pembeni mwanamke aliyesema yuko karibu nami na anatafuta rafiki. Nikasema hapana, kijana wangu. Kazi yangu ni mizigo. Mzigo usiojulikana umetoka wapi haupiti kwangu, hata uwe na utepe. Dawa yenyewe ni kuufuta ule uchafu wa fleshi, kisha kuchukua furushi zima la Visual C++ kwa Microsoft wenyewe, bure, la x86 (biti 32) na la x64 (biti 64) yote mawili, usakinishe na kuzima kompyuta. Ndivyo ilivyokuwa. Likaamka.

Likaamka, antivairasi ikalikamata na kulifungia karantini. Hilo nilimaliza haraka, halina hadithi.

Kisha likadai chakula. Yaani gemu halijanionyesha hata tairi, tayari linataka sasisho la gigabaiti ambazo nikizitaja hapa Mama Shamim atasoma. Na bando la Uganda mnalijua. Julai 2018 tuliwekewa kodi ya shilingi 200 kwa siku ili tuingie WhatsApp na wenzake, tukapiga kelele. Julai 2021 ikaondolewa, ikaja asilimia 12 juu ya data yenyewe. Kwa hiyo kila nikisasisha lori langu la Ulaya, nachangia barabara za huku kwetu. Sijaona lami yangu bado, ila nachangia.

Halafu Busia ina ugonjwa wake wa kipekee. Simu haijui iko nchi gani. Ukiwa sebuleni uko Uganda. Ukisogea chumbani, ujumbe unaingia: karibu Kenya. Mimi nimekaribishwa Kenya nikiwa chooni. Mnara wa ng'ambo unavuta simu, bando la huku linakataa kufanya kazi kule, na upakuaji unasimama kwenye asilimia 97. Nikaizima ile huduma ya kutumia mitandao ya nje, nikaiweka simu dirishani, upande unaotazama Tororo, huku huku Uganda, nikampiga marufuku kila mtu kuigusa. Mama Shamim akauliza kama simu imelazwa.

Usiku huo likamaliza kupakua. Nikalala mwenye furaha. Usiku huo huo umeme ukakatika. Shikeni hapo, nitaparudia.

Kesho yake jioni, saa mbili, nimeshakula, nimeketi, shemeji yangu wa Jinja ananisubiri tuendeshe msafara pamoja. Nabofya, linaamka, muziki unalia, lori langu linang'aa. Naingia. Kiduara. Kiduara. "Imeshindikana kuunganisha, tafadhali angalia intaneti yako."

Hapo ndipo washauri walipozaliwa. Shemeji kwenye simu: zima, uwashe. Nimezima, nimewasha. Zima tena. Shemeji, hii ni kompyuta au ni swichi ya bafuni? Kijana wa jirani: hiyo ni faya woo, mzee, inazuia. Tukafungua mlango kwenye hiyo faya woo, yule mlinzi wa mtandao ndani ya kompyuta, gemu likaruhusiwa, kiduara kikaendelea. Mwalimu mmoja anayepita kwangu kunywa chai akasema kwa sauti ya kuhuzunika kwamba hapana budi kebo imekatika baharini. Sikumcheka, kwa sababu ilishatokea: Mei 2024 kebo za EASSy na SEACOM zilikatika zote, na Afrika Mashariki nzima ikaanza kutambaa. Fikiria uonevu huo. Sisi hatuna bahari. Samaki wetu ni wa ziwani. Lakini kitu kikikatika chini ya bahari ya wenzetu, mimi wa Busia nakosa kuendesha lori Ujerumani. Hata hivyo nikamwuliza: mwalimu, kama kebo imekatika, hawa maharusi wa Mombasa wanapita wapi? Akamalizia chai.

Tukamfikia Shamim. Wasichana wa miaka hii ukiwaona wametulia, wana VPN, kile kiprogramu cha kuuficha mtandao usijue uko nchi gani. Facebook ilipofungwa hapa nchini Januari 2021, Uganda nzima ilijifunza hilo neno, vikongwe kwa watoto. Kumbe yeye aliiweka ya bure kwenye kompyuta yangu, na kila nikiwasha inajitambulisha kwamba niko Uholanzi.

"Shamim, mimi niko Uholanzi?"

"Baba, si unaendesha lori Ulaya?"

Jibu lilikuwa zuri, nikanyamaza. Tukaiondoa. Kiduara.

Aliyenipa ukweli ni kivinjari. Nilikifungua nitafute msaada, nacho kikagoma kufungua ukurasa, lakini tofauti na yule mwoga wa gemu, chenyewe kikasema wazi: saa yako iko nyuma. Nikatazama pembeni kule chini. Imeandikwa 1 Januari 2013.

Dunia nzima iko huku, kompyuta yangu iko 2013! Sasa ndipo kazi yangu iliponisaidia, kwa sababu hili ni jambo la mpakani kabisa. Seva ya gemu, yaani kompyuta ya wenye gemu, ikikutana na kompyuta yako inatoa cheti, kithibitisho kwamba ni yenyewe na si tapeli. Cheti kina tarehe ya kuanza na tarehe ya kwisha. Kompyuta inakichukua, inatazama kalenda yake, inaona karatasi imeanza kutumika miaka mingi ijayo. Mwenzangu, ukiniletea mimi pale kaunta hati iliyoandikwa tarehe ya mwaka ambao haujafika, nitakupitisha? Nitakuita uje nyuma ya kontena unieleze. Kompyuta yangu ilikuwa inafanya kazi yake kwa uaminifu mkubwa, na mlaji wa lawama akawa intaneti. Simu ya Mama Shamim haikuwa na shida hiyo, maana saa yake inaipata kwenye mnara.

Chanzo? Ndani ya kompyuta ya mezani, kwenye mothabodi, ule ubao mkuu, kuna kibetri cha duara cha volti 3, CR2032. Kazi yake ni kukumbuka saa umeme ukiwa haupo. Kikichoka, kompyuta inaishi vizuri mradi waya ulio ukutani una moto. Umeme ukikatika inasahau, na ukirudi inaamka siku iliyozaliwa. Ndiyo maana jana yake ilipakua bila shida, na baada ya usiku ule ikagoma.

Na hili linanikera kuliko yote. Ujenzi wa bwawa la umeme la Karuma ulianza 2013. Limekamilika, likazinduliwa Septemba 2024, megawati 600, tumepiga makofi. Sasa umeme wa nchi yenye Karuma unakatika kwangu usiku, na kompyuta inaamka kwenye Januari ambayo Karuma haijachimbwa hata shimo. Nikiiamini kalenda yake, sina haki ya kulalamika, kwa sababu bwawa lenyewe bado.

Lakini niulize nyie wenye akili: ninapocheza peke yangu, bila shemeji, bila msafara, lori moja, barabara tupu, kwa nini niombe ruhusa ya seva iliyo maelfu ya kilomita? Nimelipa. Gemu liko ndani ya diski yangu, nasikia linavyoguruma. Na bado lazima nipige hodi kwa watu nisiowajua, waniambie ingia. Siku wakichoka kuitikia je? Haya si maneno ya mlevi: Machi 2024 Ubisoft walizima seva za The Crew, gemu la magari, na waliolinunua wakabaki na picha ya jalada, hata wale waliokuwa wakiendesha peke yao. Ulaya watu walikusanya saini zaidi ya milioni moja kupinga mambo haya. Mimi ningetia yangu, ila saini zilitakiwa za raia wa Umoja wa Ulaya, na Uholanzi yangu Shamim keshaifuta.

Nikaenda kwa fundi wa saa karibu na stendi. Akanipa kibetri bila hata kuinua kichwa, ni hicho hicho anachouza kwa wenye rimoti za magari. Bei yake ilikuwa ndogo kiasi kwamba nilikasirika. Nikachomoa waya, nikafungua ubavu wa kompyuta, nikatoa cha zamani kwa ukucha, nikaweka kipya maandishi juu, nikarekebisha tarehe. Mwalimu alikuwepo. Alisema bado anaamini ni kebo.

Nikabofya. Kiduara kikazunguka kidogo, kikaona aibu, kikaondoka. Niko Calais! Shemeji yupo, amepaka lori lake rangi ya matatu, anapiga honi. Tukashika barabara ya kwenda Duisburg, na hatukufika mbali. Foleni. Malori ya dunia nzima yamebanana, Mturuki amelala ubavu, Mpolandi anasukuma wenzake, mtu anatukana kwa lugha nisiyoijua lakini niliyoielewa. Tulikaa hapo muda mrefu. Mkono wangu ulikuwa unawasha kuomba karatasi zao.

Mama Shamim akatoka chumbani, harusi imekwisha.

"Baba Shamim, umefika wapi?"

"Ubelgiji. Nimebeba jibini."

"Ukifika wanalipa?"

"Wanalipa. Euro."

Akatazama mita ya umeme ukutani, akanirudia mimi.

"Basi wakikulipa ununue Yaka. Zimebaki yuniti mbili."