Jyoti Alifanya Nini?

Wamarathi, watu wa magharibi mwa India, wana msemo mkali: mtu aliyejiaibisha husemwa kwamba amekula mavi ya ng'ombe. Kwenye filamu ya *Balak-Palak* ya Ravi Jadhav, iliyotoka Januari 2013, anayesemwa hivyo ni Jyoti, binti wa watu. Ni Mumbai ya miaka ya themanini, kwenye nyumba za wapangaji ambako milango yote inatazama baraza moja na jirani akikohoa unamsikia. Watoto wanne, Avya, Bhagya, Chiu na Dolly, wanaunasa mnong'ono. Wanauliza, wanafokewa. Wanabaki na swali lao: kwani Jyoti alifanya nini?

Anayekubali kuwafundisha ni Vishu, kijana mjuaji kuliko umri wake, na masomo yake yanaishia kwenye picha za X. Huko India picha hizo huitwa BP, yaani "blue picture", herufi zilezile za jina la filamu. Wakishatazama, watoto waliokuwa wakicheza pamoja hawawezi tena kutazamana kama jana. Nilicheka sana mwanzoni. Hapo nilinyamaza.

Naipenda filamu hii kwa sababu haiwaiti watoto hawa watundu. Walianza na neno walilolisikia kwa wakubwa wao wenyewe, wakataka maana yake.

Mimi nilikuwa darasa la tano niliposikia redioni neno "kubakwa". Nikamuuliza shangazi, aliyekuwa kibarazani akichambua mchele. Alinizaba kofi, akaurudia mchele wake. Sikuuliza tena nyumbani. Walionijibu ni wavulana wakubwa wa shule, nao walinijibu uongo mtupu, nikauamini kwa miaka.

Mwaka 2007, serikali ya Maharashtra, jimbo lenye Mumbai yenyewe, ilipiga marufuku elimu ya ujinsia mashuleni. Waliopinga elimu hiyo walisema inaharibu maadili, kauli ambayo hata huku tunaifahamu vizuri. Lakini tazama ni nani anayewasaidia wale wanne mwishoni: si mzazi wa yeyote kati yao, ni mzee Kadam, jirani tu, anayekubali kuzungumza nao kama watu wenye akili. Mtu huyo ndiye niliyemkosa. Shangazi yangu angeweza kunijibu kwa sentensi mbili, sinia la mchele likiwa bado mapajani mwake. Ningemsikiliza.