Ofisi Ikinyamaza, Siku Zinahesabiwa Kuanzia Lini?

Jirani yangu ana karatasi aliyoikunja mara nne na kuihifadhi kwenye mfuko wa nailoni. Ina muhuri wa kupokelewa, wino wa zambarau ulioanza kufifia. Ni maombi ya hati ya kiwanja alichoachiwa na marehemu mumewe. Nimemsindikiza mara tatu kwenye ofisi husika, na mara zote karani amemjibu kwa upole: "Mama, faili bado liko kwa mkubwa. Rudi wiki ijayo." Hajakubaliwa, wala hajakataliwa.

Katiba ya Uganda ya 1995 haikumsahau mtu kama huyu. Ibara ya 42 inampa haki ya kutendewa kwa uadilifu mbele ya ofisa wa serikali, na ya kwenda mahakamani kuhusu uamuzi unaomgusa. Mahakama Kuu inaweza kumwamuru ofisa atimize wajibu wake, amri ambayo mawakili wanaiita mandamus.

Shida naiona kwenye kalenda. Kanuni za 2009 za mapitio ya mahakama, yaani za kuiomba mahakama ikague mwenendo wa ofisa, zinataka ombi la amri kama hiyo lifunguliwe ndani ya miezi 3 tangu sababu ya lalamiko ilipojitokeza, isipokuwa jaji aone sababu nzuri ya kuongeza muda. Uamuzi ulioandikwa una tarehe. Ukimya je? Tuhesabu tangu siku ya muhuri, au tangu "rudi wiki ijayo" ya kwanza, au ya mwisho? Mama huyu akiwahi, ataulizwa kama amemaliza njia za kulalamika ndani ya ofisi, maana marekebisho ya 2019 yanamtaka jaji ajiridhishe kwanza kuhusu hilo. Akichelewa, ataambiwa muda umempita. Upole wa karani ndio unaomlia siku zake.

Maofisa nao wana hoja, na ni nzito. Faili la ardhi likiharakishwa, mtu anaweza kupewa hati juu ya shamba la mwenzake, na sote tunajua hati mbili kwa kiwanja kimoja zinavyovunja familia. Tena mwenye pesa za wakili akipata amri, faili lake linaruka mafaili ya waliotangulia. Na amri yenyewe kwa kawaida humlazimisha ofisa aamue tu. Haimwambii aamue vipi. Kesho yake anaweza kuandika "limekataliwa".

Hilo la mwisho mimi sioni hasara. Kukataliwa kwa maandishi kuna tarehe na sahihi ya mtu, na wakili ana pa kuanzia.

Dawa tunayo tayari kwenye sheria nyingine. Sheria ya Kupata Habari ya 2005 inampa ofisa siku 21. Zikipita bila jibu wala nyongeza halali, anahesabiwa amekataa, na mwananchi anaweza kulalamika kwa hakimu mkuu. Maombi ya hati na leseni yangewekewa utaratibu huohuo. Kama faili la ardhi ni gumu, siku ziwe 90, ziwe hata 180, mradi mwombaji azijue tangu siku anayokabidhi karatasi yake.

Wiki hii tumepeleka barua ya kudai jibu, nakala mbili. Nilimwomba karani agonge muhuri kwenye nakala yetu pia, na tarehe isomeke.