Mkuza wa umeme ulipiwe kila mwaka

Ndugu zangu wa Mufindi, Njombe na Mbeya, kuna jambo tunalizungumza kwenye simu kisha linaishia hapo hapo. Leo naliandika: mkuza, yaani ukanda wa shamba unaopitiwa na laini kubwa ya umeme, unapaswa kulipiwa kila mwaka, maadamu nguzo bado zimesimama humo.

Ninaishi Shropshire, Uingereza, nafanya kazi kwenye shamba la ng'ombe wa maziwa. Laini ya umeme inakatiza malisho. Kila mwaka kampuni inamlipa mwenye shamba mafungu mawili: kodi ya nguzo kukaa kwenye ardhi yake, na fidia ya usumbufu wa kuzizunguka na trekta. Si fedha nyingi. Lakini kila mwaka kampuni inakumbuka kwamba ile ardhi ina mwenyewe, na mafundi wakitaka kuingia wanapiga simu kwanza, isipokuwa kwa dharura.

Msidhani mwenye ardhi huku anaweza kukataa tu mambo yakaisha. Sheria ya Umeme ya 1989 inairuhusu kampuni kumwomba waziri aamuru laini ipite hata mwenye shamba akigoma. Mabomba ya maji nayo yana sheria yake ya 1991: kwa bomba jipya notisi ni miezi 3, kisha wanachimba. Nguvu ya kulazimisha ipo. Ila kabla ya kufika huko kuna mazungumzo, na wakishindwana bei kuna baraza la kisheria la kuamua.

Nyumbani Tanzania sheria si mbovu, na nasikitika tunavyoishi kama vile haipo. Ibara ya 24 ya Katiba inakataza mtu kunyang'anywa mali bila fidia inayostahili. Sheria za ardhi za 1999, Na. 4 na Na. 5, zinataka fidia iwe kamili, ya haki na ya haraka: thamani ya ardhi, mazao na majengo, posho ya usumbufu, usafiri. Sheria ya Uthamini ya 2016 ikaongeza meno. Malipo yafanyike ndani ya miezi 6 baada ya Mthamini Mkuu wa Serikali kuidhinisha. Yakichelewa yadaiwe riba. Ikipita miaka 2 uthamini urudiwe. Ni wangapi kijijini waliowahi kusomewa hayo kabla ya kutia saini?

Baba yangu hakusomewa. Laini ilipopita kwetu walihesabu miti yake ya paini na mianzi ya kugema pombe ya ulanzi, akaweka saini kwenye karatasi ambayo hakuachiwa hata nakala. Fedha zilikuja zikiwa zimechelewa sana. Lakini mimi ucheleweshaji naweza kuusamehe. Kinachoniuma ni kwamba ile ardhi imebaki kuwa yake kwa jina tu. Mahindi, viazi na maharage anaruhusiwa. Paini, mikaratusi na parachichi haruhusiwi tena, yeye wala wajukuu zake. Mtu wa Mufindi ukimzuia kupanda miti umemzuia kusomesha. Mimi mwenyewe ada yangu ilitoka kwenye miti. Ile iliyokatwa ililipwa. Ambayo haitapandwa kamwe haikuingia kwenye hesabu yoyote, na hapo ndipo kodi ya mwaka ingeziba pengo. Na tukumbuke kwamba nguzo nyingi za miti zinazobeba umeme nchini zimetoka kwenye mashamba haya haya ya Mufindi na Njombe.

Kisha kuna habari ya njia. Huku, kampuni kupewa ruhusa ya kuingia shambani hakumpi kila mtu ruhusa hiyo. Njia za miguu za umma ziko kwenye ramani ya halmashauri. Mwenye shamba haruhusiwi kuziba, na zikifungwa kwa muda kwa ajili ya kazi, tangazo linabandikwa. Kwetu yanatokea yote mawili kinyume. Mkuza ukishafyekwa unageuka barabara ya bodaboda na njia ya ng'ombe katikati ya maharage ya mtu. Wakati huo huo kichochoro cha zamani cha kwenda mtoni kinazibwa na kifusi au uzio, na akina mama wanazunguka mbali na ndoo kichwani, kwa sababu hakuna karatasi inayoonyesha kwamba kiliwahi kuwepo.

Baba mdogo huniambia, "Mwanangu, serikali ikitaka njia utaikatalia?" Sikatai, baba. Umeme tunautaka. Mradi wa TAZA wa kuunganisha umeme wa Tanzania na Zambia, laini ya msongo wa kilovolti 400 kutoka Iringa kupitia Mbeya na Tunduma hadi Sumbawanga, ni wa maana kwa nchi nzima na kwa jirani zetu Zambia. Wapo wanaosema kodi ya mwaka itapandisha bei ya umeme. Basi ipande kidogo kwetu sote tunaoutumia, mijini na vijijini, kuliko gharama yote kubebwa na familia chache ambazo mstari wa ramani uliangukia kwao.

Kubadilisha sheria kutachukua muda. Wakati tunasubiri, mkiwa na mkutano mkuu wa kijiji daini vichochoro vichorwe kwenye mpango wa matumizi ya ardhi, na asitie saini mtu yeyote fomu ya fidia bila kuachiwa nakala yake.