Mjusi wa Ukutani

Ukinikuta nimesimama kwenye kona ya chumba cha watu, nimetulia kama maji ya mtungini, usiite polisi. Niko kazini. Natengeneza zile filamu za kutazama tu maisha yanavyokwenda: sipangi kitu, siulizi swali, simwambii mtu "hebu rudia hapo". Mjusi wa ukutani, basi. Ila mjusi habebi kamera begani, na akibanwa huacha mkia akakimbia. Mimi nikibanwa, na mmeshaelewa nabanwa na nini, navumilia. Maana nikienda msalani dakika mbili, ndipo watu watakapoamua kulia, kupatana na kuoana.

Wiki tatu nimeganda kwenye karakana ya mzee fundi viatu na mwanawe. Kijana anataka kuondoka, mzee hataki, na hakuna anayelitaja. Nilichonasa ni "lete gundi", "siyo hiyo", na kikohozi. Nina saa tisini za gundi!

Mfadhili naye anataka nimwandikie mwisho wa filamu. Mwisho gani, na wenyewe hawajaufikia?

Waliotuponza ni mtengeneza filamu Robert Drew na wenzake kule Marekani. Mwaka 1960 walishakuwa na kamera ya kubeba begani na sauti inayokwenda sambamba na picha, wakawa wanamfuata mtu hadi mlangoni kwake. Lakini wao mkanda wa milimita 16 uliwaishia baada ya dakika kama 11, wakalazimika kuchagua. Mimi kadi yangu haijai, kwa hiyo narekodi hadi mtu anavyojikuna. Halafu akaja Frederick Wiseman, mwanasheria mzima aliyegeukia filamu, akatufunga kabisa: hakuna msimulizi, hakuna mahojiano, hakuna muziki wa kupachika. Nami kwa kiherehere changu nikaapa kufuata.

Juzi, mzee akaweka nyundo chini. "Wewe ukiondoka, hii meza nimwachie nani?"

Kijana kimya. Nikashusha kamera taratibu hadi kwenye vidole vyake: anazungusha kimsumari cha soli, anakizungusha, kikamponyoka, kikalia sakafuni. Machozi yakanilenga. Nikajisemea, hii ndiyo filamu yenyewe!

Mara wote wawili wakanigeukia.

"Hebu sema wewe, mwanangu," mzee akaniambia. "Umekaa humu wiki tatu, umeona yote. Mwenye makosa nani?"

Mjusi hasemi. Nikabana midomo, nikabana pumzi. Na katika ukimya ule, tumbo langu, lisilo na chochote tangu alfajiri, likanguruma kwa kirefu, likapanda, likashuka, likamalizia na kamlio kembamba kama ka swali.

"Umesikia?" mzee akamwambia mwanawe. "Hata yeye yuko upande wangu."

Kijana akaangua kicheko, mzee naye akafuata, na kwa mara ya kwanza wakaongea hadi giza likaingia.

Sasa niko kwenye uhariri. Tukio halikatiki, ndilo limebeba filamu nzima. Na muziki wa kufunika lile tumbo, nilishaapa siweki.